Riwaya "pendwa"

Wahakiki wetu huziita riwaya za upelelezi na mapenzi "pendwa", na zile nzito wakazipa jina la "dhati". Hapo ndipo sifa ilipogeuka kejeli: kupendwa na wasomaji kumekuwa kasoro. Mchukue mwandishi Muhammed Said Abdulla wa Unguja. Riwaya yake Mzimu wa Watu wa Kale ilitoka 1960, na ndani yumo Bwana Msa, mpelelezi asiye na papara, kiko mdomoni, akifumbua mauaji kwa akili tupu huku mwenzake Najum akibabaika pembeni. Kichekesho kipo, kisiwa kipo, na Kiswahili chake, jamani, kitamu hasa! Hiyo nayo si dhati? "Pendwa" na libaki, ila tusilitamke kwa kubetua midomo.