Nani Aliyeitwa Mateka: Rowlandson, Swema na Wanawake Wasio na Kitabu

Alfajiri ya tarehe 10 Februari 1676, wapiganaji wa Wanarragansett, Wanipmuc na Wawampanoag waliuvamia mji mdogo wa Lancaster huko Massachusetts, wakazitia moto nyumba na kuondoka na mateka. Mmoja wa mateka hao alikuwa Mary Rowlandson, mke wa mchungaji. Risasi iliyompiga ubavuni ilimjeruhi pia bintiye Sarah, mtoto wa miaka 6 aliyekuwa mikononi mwake, na siku ya tisa mtoto akafa. Mama alilala na maiti hiyo usiku kucha. Baada ya wiki 11 alikombolewa, na mwaka 1682 kitabu chake kikatoka. Kilichapishwa mara nne mwaka huohuo, New England na London, kikafungua njia kwa utanzu mzima: simulizi za walowezi wanawake waliotekwa na wenyeji wa Amerika.

Vita vyenyewe, kati ya wenyeji na walowezi wa Kiingereza, vilikuwa vimeanza mwaka 1675. Ardhi ya wenyeji ilikuwa imemegwa kwa miaka mingi, kisha Waingereza wakawanyonga Wawampanoag watatu huko Plymouth, na Metacom, mkuu wao ambaye Waingereza walimwita Mfalme Philip, akaingia vitani. Haya Rowlandson hayaelezi. Kwake vita ni fimbo ya Mungu ya kuwarudi waja wake, na kila hatua ya safari ina aya yake ya Biblia. Dibaji ya kitabu, inayodhaniwa kuandikwa na mchungaji Increase Mather, inamwombea radhi mwanamke huyu kwa kujitokeza hadharani na kumhakikishia msomaji kwamba anaandika kwa uchaji, si kwa kutafuta sifa. Mwanamke wa Kipuritani hakuweza kusema mbele za watu mpaka mwanamume mwenye joho amsimamie.

Ndiyo sababu nakisoma kitabu hiki pamoja na kisa cha Swema, binti wa Kiyao aliyeuzwa utumwani na kufikishwa Unguja katika miaka ya 1860. Swema naye hakutoka hadharani peke yake. Alisimulia katika misheni ya Wakatoliki wa Kifaransa, padre akaandika, na mwaka 1870 kikachapwa kitabu huko Paris kwa ajili ya waumini wa Ulaya. Katika visa vyote viwili mtu wa dini ndiye anayeamua maana ya mateso. Lakini mwanamke anapofika kwenye mambo ya tumbo, ya mtoto na ya kazi za mikono, anasema mambo ambayo mahubiri hayakuyahitaji. Hapo ndipo ninapomwamini.

Chukua njaa. Rowlandson anakiri kwamba wiki ya kwanza hakula karibu chochote, ya pili akaanza kuzidiwa, na ya tatu vyakula alivyokuwa akivionea kinyaa vikawa vitamu. Alikula ini la farasi likiwa nusu bichi, damu ikimtapakaa mdomoni. Siku moja alimkuta mtoto mateka wa Kiingereza akifyonza kipande cha kwato la farasi kilichochemshwa, asiweze kukitafuna. Akakichukua akakila yeye. Mke wa mchungaji anakula chakula cha mtoto mwenye njaa, na anakiandika kitendo hicho kwa mkono wake mwenyewe. Hakuna mhubiri ambaye angempendekezea mfano huo.

Kisha kuna Weetamoo. Rowlandson aliuzwa kwa Quinnapin, mkuu wa Wanarragansett, akawekwa chini ya mke wake huyo. Weetamoo alikuwa mtawala wa watu wa Pocasset kwa haki yake mwenyewe, aliyeingia vitani na watu wake, lakini kitabuni tunamwona kama mwanamke mwenye majivuno anayetumia muda mrefu kila siku kujipamba. Tunaambiwa pia kwamba kazi yake ilikuwa kutengeneza mikanda ya shanga za kome, na hapo Rowlandson anatufunulia zaidi ya alivyokusudia, kwa kuwa mikanda hiyo ilikuwa nyenzo ya diplomasia na ya mapatano baina ya mataifa. Alichokiona kama urembo kilikuwa kazi ya dola.

Wakiwa pamoja, mtoto mchanga wa Weetamoo aliugua akafa. Rowlandson anasema kwamba kifo hicho kilikuwa na faida moja: nafasi ya kulala iliongezeka. Nimeurudia ukurasa huo mara nyingi, na kila mara unaniumiza. Kilichoumba maneno hayo si ukatili wa moyo tu. Ni imani iliyomfundisha kwamba kifo cha Sarah ni jaribu la Mungu na kifo cha mtoto wa Weetamoo ni tukio tu. Kinamama wawili waliofiwa ndani ya majuma machache, wakilala penye moto mmoja, na mmoja tu ndiye aliyeruhusiwa kuomboleza kitabuni.

Kwa Swema mpaka huo wa maombolezo haupo. Mama yake, mjane aliyelemewa na deni, alinyang'anywa binti huyo na mdai wake, naye mtoto akauzwa kwa msafara. Mama hakukubali kubaki. Aliufuata msafara akiomba achukuliwe mtumwa ili awe karibu na mwanawe. Nguvu zilipomwishia aliachwa njiani afe. Swema alifika Unguja akiwa hoi kiasi cha kudhaniwa maiti, akazikwa hai kwenye kaburi la kina kifupi, na kijana mmoja aliyesikia akiugua ndiye aliyemfukua na kumpeleka kwa masista. Padre anakipeleka kisa kwenye msamaha: Swema anamsamehe Mwarabu aliyemtesa. Msamaha huo uliwafaa wafadhili wa misheni. Mimi nabaki na yule mama njiani, ambaye hana haja ya kufasiriwa na yeyote.

Tofauti kubwa ipo kwenye bei. Watekaji wa Rowlandson walimwuliza yeye mwenyewe mumewe angetoa kiasi gani, naye akataja pauni 20. Fedha ikapatikana, akarudi kwao. Swema hakuulizwa bei yake, na hakukuwa na kwao pa kurudi. Misafara ya bara ililipa kwa vitambaa, na vingi vya vitambaa hivyo, merikani, vilifumwa katika viwanda vya Massachusetts na kuletwa Unguja na wafanyabiashara wa Salem. Jimbo lililomlilia Rowlandson kwa karne mbili lilikuwa likiuza nguo zilizonunulia watu.

Mateka mwingine, Mary Jemison, anavuruga mpango huu wote wa kutekwa na kurudi. Alitekwa akiwa msichana huko Pennsylvania, akapokewa na ndugu wawili wa kike wa Kiseneca badala ya kaka yao aliyeuawa vitani. Aliolewa, akazaa, na alipopata nafasi ya kurudi kwa Wazungu alikataa, kwa kuhofu kwamba jamaa zake wangewadharau watoto wake. Kisa chake kiliandikwa na daktari James Seaver na kuchapishwa mwaka 1824, alipokuwa ajuza.

Na upande wa pili? Agosti 1676 Weetamoo alikufa maji katika mto Taunton akikimbia. Waingereza walikikata kichwa chake wakakitundika juu ya mti mjini Taunton. Metacom aliuawa mwezi huohuo. Mke wake na mwanawe mdogo walikuwa wameshakamatwa, na wachungaji walijadiliana kwa aya za Biblia kama mtoto huyo auawe. Mwishoni aliuzwa utumwani, kama walivyouzwa mamia ya wenyeji wengine. Rowlandson alimjua mtoto huyo. Metacom alimwomba amshonee mwanawe shati, akamlipa shilingi. Akashona na kofia, akaalikwa chakula, akapewa andazi dogo la ngano lililokaangwa kwa mafuta ya dubu. Anasema hajawahi kula kitu kitamu kuliko hicho. Mtoto wa shati hilo alitekwa kwa maana kamili ya neno, wala hakuna aliyechanga pauni 20 kumkomboa.

Mwaka 2018 mwanahistoria Lisa Brooks, mwenye asili ya Waabenaki, alitoa kitabu kinachovisimulia vita hivyo kuanzia kwa Weetamoo, na hilo ni jambo jema sana. Kwa wahadhiri wetu wanaofundisha fasihi ya Marekani nina ombi: msimfundishe Rowlandson peke yake. Msomeni na Swema darasa moja, muhula mmoja, kisha wapeni wanafunzi wa Kiswahili kazi ya kukitafsiri kisa cha Swema na kukirudisha katika lugha ya pwani alikofikishwa.