Irene Cara: Miaka ya Utotoni

Mwigizaji na mwimbaji wa Marekani, aliyezaliwa Bronx, New York, tarehe 18 Machi 1959, baba yake akiwa mtu wa Puerto Rico na mama yake wa asili ya Kuba. Alipanda jukwaa la Broadway angali mtoto, katika Maggie Flynn (1968) na The Me Nobody Knows (1970).

Kipindi cha kusoma

Mwezi Oktoba 1971 shirika la Children's Television Workshop, ambalo miaka miwili kabla lilikuwa limewaanzishia watoto wadogo Sesame Street, lilizindua The Electric Company kwa ajili ya kaka na dada zao wa miaka 7 hadi 10, hususan wale waliokwisha kuingia darasani na kusoma kukawashinda. Cara, akiwa na umri wa miaka 12, alikuwa miongoni mwa watoto watano wa Short Circus, bendi ya kipindi, wakiimba na kuigiza bega kwa bega na Rita Moreno, Bill Cosby na Morgan Freeman, ambaye wakati huo hakuwa na umaarufu wowote wa kutajika.

Mbinu iliyokumbukwa kuliko zote ilikuwa sahali mno: vivuli vya nyuso mbili hutazamana, wa kwanza hutamka «ch», wa pili «air», herufi zikitokeza mbele ya kinywa kila sauti inapotoka, kisha wote wawili hulitamka neno zima, «chair». Mwalimu wa darasa la kwanza kule Cheptais, Kenya, aliyelelewa kwa ba-be-bi-bo-bu, haoni ajabu yoyote hapo, ila tu kwamba silabi za Kiswahili hazimhadai mtoto, ilhali tahajia ya Kiingereza humhadaa kila siku. Mpango wa kufundisha kusoma wa Tusome, ulioenezwa Kenya nzima tangu 2015, ulizishughulikia lugha zote mbili.

Cara aliondoka baada ya msimu wa kwanza. Mwenzake June Angela alidumu hadi 1977, vipindi vilipofikia 780. Waandishi wengi huupita mwaka ule wa Cara kwa sentensi moja.

Baadaye

Sparkle (1976), Fame (1980), tuzo ya Oscar mwaka 1984, pamoja na Giorgio Moroder na Keith Forsey, kwa wimbo wa filamu ya Flashdance. Alifariki Florida tarehe 25 Novemba 2022.