Misitu ya Kingo za Mito katika Mwambao wa Kigoma

Misitu ya kingo za mito ni ukanda wa miti, vichaka na nyasi unaoota pale ambapo maji ya mto au kijito hulowesha udongo karibu mwaka mzima. Katika mwambao wa Kigoma ukanda huo hufuata mito mikubwa, Malagarasi na Luiche, pamoja na vijito vingi vifupi vinavyoporomoka kutoka milimani hadi Ziwa Tanganyika. Wakati wa kiangazi ukanda huu huonekana kwa mbali: miyombo ya mteremkoni imepukutisha majani, nyasi za vileleni zimekauka au zimeungua, na bondeni umebaki mstari wa kijani.

Umbo la nchi ndilo linaloipa misitu hii uzito wa pekee. Ziwa limo ndani ya bonde la ufa, takriban mita 770 juu ya usawa wa bahari, na kina chake hufikia mita 1,470. Duniani linazidiwa na Ziwa Baikal tu. Ukingo wake wa mashariki hupanda ghafla. Ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Gombe, kaskazini mwa mji wa Kigoma, vilele hupita mita 1,500 katika kilomita chache tu kutoka ufukweni. Vijito kama Kakombe, Mkenke na Mitumba hushuka mwendo huo bila kukuta tambarare pana wala bwawa ambalo lingeyatuliza maji na kunasa tope. Udongo uliong’olewa na mvua ya asubuhi kwenye shamba la mlimani unaweza kuwa umefika ziwani kabla ya jua kutua. Kinachosimama katikati ni mizizi na majani ya ukingoni, basi.

Kazi ya ukanda huu huanzia chini ya ardhi. Mizizi ya mikuyu na mizambarau mwitu hushika ukingo usimegwe na mafuriko. Juu yake, tabaka la majani makavu hupunguza kasi ya maji yanayotoka shambani, yakaangusha mchanga na kuzama ardhini badala ya kupita juu. Maji hayo yaliyozama ndiyo yanayochuruzika kidogo kidogo hadi miezi ya Agosti na Septemba, na ndiyo yanayolisha miradi ya maji ya mserereko vijijini. Kivuli nacho hupoza kijito. Jani likianguka majini, kuvu hulilainisha, kisha mabuu ya wadudu na kaa wa maji baridi hulitafuna vipande vipande. Mlolongo mzima wa chakula katika kijito chembamba chenye giza hutegemea msitu ulio juu yake kuliko mwani unaoota ndani yake. Miti ikiondolewa, kijito hubadilika kabisa hata kama maji hayajapungua.

Athari haiishii kwenye mlango wa kijito. Ziwa Tanganyika lina aina zipatazo 250 za samaki wa jamii ya sikilidi, ndugu wa perege, na karibu wote hawapatikani kwingine popote. Wengi huishi kwenye miamba ya kando, ndani ya mita chache za maji yanayopenya mwanga, wakikwangua mwani juu ya mawe na kuficha makinda katika nyufa. Tope likitua, hufunika mwani, huziba nyufa na kufifisha mwanga. Mwaka 1993 Andrew Cohen na wenzake walichapisha utafiti uliolinganisha sehemu za ziwa zilizo chini ya milima iliyolimwa sana na zile zilizo chini ya milima yenye misitu. Penye tope jingi walikuta upungufu wa aina za viumbe, hasa ostrakodi, wanyama wadogo wenye magamba mawili. Dagaa na migebuka wanaovuliwa mbali na ufukwe hawaguswi moja kwa moja namna hiyo, na pengine ndiyo sababu soko la samaki halipigi kelele wakati miamba inapofunikwa.

Kwa sokwe, ukanda huu ni chakula na malazi. Gombe, iliyohifadhiwa tangu 1943 na kufanywa hifadhi ya taifa mwaka 1968, ndipo Jane Goodall alipoanza utafiti wake Julai 1960. Sokwe wa huko hutegemea sana misitu ya mabondeni, ambako hula tini mwitu, mabungo na chikichi. Kusini zaidi, Masito na Ugalla, nchi ni kavu na miyombo imetawala. Huko vipande vyembamba vya msitu wa mtoni ndivyo vinavyompa sokwe kivuli wakati wa joto kali, na ndivyo njia yake kutoka bonde hadi bonde.

Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Goodall aliruka kwa ndege juu ya Gombe na kuona hifadhi ndogo iliyozungukwa na milima mitupu. Ongezeko la watu, kilimo cha mihogo na mahindi kwenye miteremko, kuni na mkaa vilikuwa vimemaliza miti nje ya mpaka. Mwaka 1994 taasisi yake ilianzisha mradi wa TACARE, ambao ulianza na vitalu vya miche. Somo kubwa zaidi lilitoka kwenye visiki. Miyombo iliyokatwa huwa na mizizi hai ardhini, na mteremko ukiachwa bila moto wala jembe, machipukizi hurudisha msitu ndani ya miaka michache, kwa gharama ndogo kuliko miche. Vijiji vya jirani vilitenga hifadhi zao za misitu kwa kutumia mipango ya matumizi bora ya ardhi, chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 na Sheria ya Misitu ya 2002, na walinzi wa kijiji wakaanza kurekodi moto na ukataji kwa simu za mkononi.

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, ziwa au bwawa. Kipimo hicho ni kizuri kwa mto Malagarasi, ambao ardhioevu yake na ya Muyovozi iliingizwa katika mkataba wa Ramsar mwaka 2000. Kwenye bonde la kijito cha Gombe au Kalinzi, mita 60 kila upande huweza kumeza sakafu yote ya bonde, tena ile ardhi pekee inayotoa mboga kiangazi. Familia isiyo na shamba jingine haitaiachia kirahisi, na kuiita mharibifu hakusaidii. Upande mwingine, mita 60 za miti chini ya mteremko uliolimwa kwa matuta yanayoshuka kufuata mwinamo wa kilima huzidiwa na tope la mvua moja kubwa. Kwa nchi hii ya miinuko, kulinda mteremko mzima wa juu pamoja na chemchemi zake, na kulima kwa kufuata kontua pale panapolimwa, huleta faida kubwa kuliko kubishania upana wa ukanda wa chini.

Kuna pia swali la mahali pa kuanzia kupima. Maji ya Ziwa Tanganyika hupanda na kushuka. Yalipopanda miaka ya 2020 na 2021 yalifunika sehemu za bandari ya Kigoma na makazi ya ufukweni, na mita 60 za jana zikawa ndani ya maji.

Mchikichi ndio mtihani wa sasa. Ni mti ulioenea katika mabonde haya na wenyeji huulinda, kwa hiyo bonde lenye michikichi huonekana la kijani. Lakini shamba la michikichi lililopaliliwa chini halina tabaka la majani wala vichaka vya kunasa tope. Ukamuaji wa mawese nao huhitaji maji na kuni nyingi, hivyo mapipa ya kuchemshia chikichi huwekwa karibu na kijito, na maji machafu yenye mafuta hurudi humo humo. Tangu 2018 serikali imehimiza upanuzi wa zao hili mkoani kwa miche bora. Miche hiyo ikipelekwa kwenye ardhi iliyokwisha kulimwa, na safu ya mikuyu, mizambarau mwitu na matete ikaachwa kati ya shamba na maji, mkulima hapotezi sana. Mikaratusi haifai mahali hapo kwa jinsi inavyonyonya maji. Vigingi vya mpaka wa ukanda huwekwa vizuri zaidi kiangazi, baada ya mkutano mkuu wa kijiji kupitisha sheria ndogo, wakiwepo wenye mashamba, kamati ya maliasili na jumuiya ya watumia maji ya bonde hilo.