Kinachotupwa

Mwishoni mwa Februari 2013 mitambo ya televisheni ya analojia ilizimwa Mwanza. Hapa Misungwi tulilalamikia bei ya ving'amuzi, lakini masafa ya stesheni moja sasa yalibeba kadhaa. Yaliwezaje? Mwalimu wa zamu haandiki kila jioni kwamba madarasa yapo palepale, huandika kilichobadilika. Kubana video ni hivyo: picha moja huhifadhiwa kamili, kwa zinazofuata huhifadhiwa tofauti tu, na kile ambacho jicho halikitambui upesi hutupwa.

Majuzi mjukuu wangu alibana mkanda wetu wa harusi ya mwaka 1996, ukaenea kwenye simu. Marehemu bibi yake anacheka, lakini kovu dogo la shavuni halionekani tena. Nilifundisha historia miaka mingi. Nami nilibana, nikatupa. Mkanda wenyewe nimekataza usitupwe.