Sauti ya Kuazimwa: Anny Ondra katika Blackmail

Wanahistoria wa sinema aghalabu humtaja Anny Ondra (1902-1987) kama mke wa bondia Max Schmeling tu. Huko ni kumpunja. Alikwisha kupata sifa Prague, katika filamu bubu za Karel Lamač, kabla Alfred Hitchcock hajamchukua. Mwaka 1929 Blackmail ilipogeuzwa kuwa filamu ya sauti, lafudhi yake ya Kicheki haikumwafiki binti wa mwenye duka wa London. Kutia sauti baada ya kupiga picha kulikuwa bado hakujawezekana. Hivyo Joan Barry alisimama kando ya kamera akitamka maneno, Ondra akichezesha midomo. Mhusika mmoja, waigizaji wawili. Na jina la Barry halikuandikwa. Kipaji hakikuwa na kasoro: mwaka 1930 Ondra na Lamač waliunda kampuni yao Berlin, akaigiza kwa Kijerumani, kwa sauti yake mwenyewe.