Fundi Aliyejenga Nyumba ya Watawa

Mwaka 1958 watu wa sinema kutoka Marekani na Ulaya walifika Stanleyville, mji tuuitao leo Kisangani. Walikuja kupiga picha za The Nun's Story, habari ya Sista Luka, mtawa muuguzi wa Ubelgiji aliyetumwa Kongo na mwishowe akavua mavazi ya utawa. Walipiga picha mjini, na pia Yakusu, chini kidogo ya mto. Sisi wa Banalia tukiteremka Kisangani bado twawakuta wazee wenye kusimulia habari ya sinema hiyo. Watu hulitaja jina la Audrey Hepburn, aliyeigiza Sista Luka. Aliyejenga kuta alizotembea kati yake hatajwi. Jina lake ni Alexandre Trauner.

Kazi yake ilikuwa kupanga mandhari. Fundi wa namna hii huisoma hadithi, akachora kila chumba, kila mlango na dirisha, kisha maseremala na wapaka rangi hujenga. Mwashi hujenga nyumba ikae miaka. Huyu hujenga upande mmoja tu, ule utakaoonekana, na picha zikiisha yote huvunjwa. Sisi tunaopanga pango la Noeli kanisani twaijua kazi hiyo kidogo: kondoo wadogo huwekwa nyuma ili waonekane wako mbali.

Trauner alizaliwa Budapest, nchi ya Hungaria, mwaka 1906, katika jamaa ya Kiyahudi. Alijifunza uchoraji, na mwaka 1929 akahamia Paris. Huko alimsaidia Lazare Meerson, fundi mkubwa wa mandhari, na kwake akapata ujuzi. Kwa sinema ya Hôtel du Nord, ya mwaka 1938, alijenga upya mfereji wa Paris pamoja na daraja lake na nyumba za kando, maana mfereji wenyewe usingeweza kufungwa kwa ajili ya wapiga picha.

Ndipo vita vikaja. Wajerumani waliitwaa Ufaransa mwaka 1940, na Wayahudi wakakatazwa kazi ya sinema. Trauner alijificha milimani kusini mwa nchi, akaendelea kuchora. Mafundi wenzake walizichukua karatasi zake, wakazitumia kujenga, wakatoa majina yao mbele ya wakuu. Hatari ilikuwa kwao pia. Hivyo ndivyo ilivyojengwa barabara kubwa ya Les Enfants du paradis. Sinema hiyo ilipoonyeshwa mwaka 1945, jina lake liliandikwa wazi, pamoja na neno kwamba alifanya kazi hii mafichoni.

Mtu huyo ndiye aliyepewa kazi ya kujenga kanisa na vyumba vya masista. Alivijenga studioni Roma. Hata kundi la watawa wanaopita kwa mistari lilikuwa na wacheza ngoma wa opera ya Roma, nao walifundishwa na masista wa Mtakatifu Dominiko namna ya kutembea na kupiga magoti! Mwongozaji, Fred Zinnemann, alitaka sehemu ya Ubelgiji iwe nyeusi na nyeupe, na ya Kongo iwe na rangi. Kampuni ikakataa. Lakini ukiitazama utaona kuta za watawa zimebaki za kijivu na nyeupe, na Kongo imejaa kijani. Sisi twasifu ile nyumba ya watawa kuliko Kongo yao. Kuta zile zina ukimya wa sala. Lakini upande wa Kongo, watu wetu wanapita nyuma ya Wazungu kama sehemu ya mandhari, nasi hatuwezi kulinyamazia jambo hilo.

Baadaye Trauner alipata tuzo ya Oscar kwa The Apartment ya mwaka 1960. Humo mna ofisi isiyo na mwisho. Siri yake ni ile ya kondoo wetu wa pangoni: meza za nyuma zilikuwa ndogo zaidi na zaidi, na nyuma kabisa waliketishwa watoto waliovalishwa kama makarani.

Alifariki mwaka 1993 katika kijiji cha Omonville-la-Petite, Ufaransa. Amezikwa hapo alipozikwa Jacques Prévert, mshairi rafiki yake, waliyekuwa pamoja kule milimani wakati wa vita.