Mtoto wa Rumonge na Milango ya Haki

Ukitoka Bujumbura kwa barabara ya kusini, milima inakusogeza ziwani mpaka mahali pengine lami inapita katikati ya mwamba na mawimbi. Pale Mugere lipo jiwe lenye majina ya Livingstone na Stanley, na tarehe: 25 Novemba 1871. Wageni wengi hupiga picha hapo kisha hugeuza gari. Mimi nilikuwa nafuata njia ya wengine, waliopita mwambao huu wakitafuta mtu wa kumwambia: nilinde, na umsake aliyenidhuru.

Njia hiyo inakwenda hadi Rumonge, mji wa Kiswahili na Kirundi, wa mawese na samaki wa mukeke na ndagala. Mapadri Weupe walifika hapa mwaka 1879 wakiongozwa na Padri Deniaud, wakiwa pamoja na wasaidizi wenye silaha. Walijua hakuna askari atakayewasimamia. Mwaka 1881 Wabikari, watu wa eneo hilo, wakamchukua mtoto mmoja aliyekombolewa utumwani na kulelewa misheni.

Sasa kesi hiyo ipelekwe wapi? Mwami Mwezi Gisabo alikuwa juu milimani, na mkono wake huku ziwani ulikuwa mfupi. Kusini zaidi, Ujiji, alikuwepo Mwinyi Heri, mtu wa biashara na wa Sultani wa Unguja. Mapadri wakajifanya polisi wao wenyewe, wakajaribu kumrudisha mtoto. Tarehe 4 Mei Deniaud, Padri Augier na msaidizi wao D'Hoop waliuawa, na misheni ikavunjika. Majina ya hao watatu yamehifadhiwa. La mtoto, ambaye ndiye kiini cha shauri zima, sijalikuta popote.

Wajerumani walikuja, Wabelgiji wakafuata, na mahakama zikaja nao. Lakini tarehe 29 Aprili 1972 mwambao huu uliona kwamba kuwa na dola si kuwa na mlinzi. Waasi walishambulia Rumonge na Nyanza-Lac, wakaua Watutsi na watumishi wa serikali. Kisha jeshi la Rais Micombero na vijana wa chama wakawageukia Wahutu nchi nzima. Makadirio mengi ya waliouawa huanzia 100,000 na kupanda. Ambaye ungemwomba uchunguzi ndiye aliyekuwa mlangoni na bunduki. Waliopata mtumbwi walivukia upande wa Kigoma, na wengi waliishia Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Mashamba na michikichi yao ikapata wenyeji wapya.

Waliporudi, baada ya Mkataba wa Arusha wa mwaka 2000, walikuta shamba moja lina wenyewe wawili, na wote wana la kusema. Tume ya ardhi, CNTB, iliundwa mwaka 2006, na mahakama maalumu ya ardhi mwaka 2014. Lakini hukumu ya shamba haikulindi na jirani yako usiku. Mtu anayetishwa bado huanza na mkuu wa kilima, kisha polisi wa upelelezi, kisha parke, yaani ofisi ya mwendesha mashtaka, maana kwa sheria ya Burundi huyo ndiye anayeongoza upelelezi. Akinyamaza yeye, faili linanyamaza.

Kuna mlango mwingine, Arusha. Burundi iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki inaweza kutoa amri za muda dhidi ya serikali. Haimlazimishi mlalamikaji amalize kwanza mahakama za kwao. Mahakama ya Afrika ya haki za binadamu, iliyoko mji huohuo, haipokei shauri la mwananchi wa Burundi moja kwa moja, kwa kuwa nchi yake haijatoa tamko la kuiruhusu.

Tatizo la mahakama ya Jumuiya ni saa. Mkataba wa Jumuiya unatoa miezi miwili tu ya kufungua shauri. Wakenya walilijua hilo kwa uchungu: shirika la IMLU liliishtaki Kenya kwa kushindwa kuchunguza mateso na mauaji ya Mlima Elgon ya 2006 hadi 2008. Ngazi ya kwanza, mwaka 2011, ilikubali kusikiliza, ikisema kutochunguza ni kosa linaloendelea. Mwaka 2012 majaji wa rufaa wakalitupa shauri: limechelewa. Kwa hiyo mama wa Rumonge ambaye mwanawe amechukuliwa, akienda kwa mkuu wa kilima, akaambiwa rudi Jumatatu, akaenda parke, akaambiwa faili linasomwa, anatumia siku zake za Arusha akiwa kwenye benchi la ofisi za nyumbani.